Madame Alitoa Ruhusa Ingine ku Avenue Yetu

Mama Véronique,

Kesi yenye weye ulianza na Madame imekwisha. Tumeshindwa. Nakuambia mbio, bila kuzunguka.

Tangu tulikuzika, nimeenda ku tribinali mara ngapi, sijui tena. Toka komini yetu ya Kenya mpaka kule mu mji ya Bazungu kwa miguu, kisha kukaa ku ile benchi ngumu. Avoka, ule mwenye kututetea, alisoma barua yenye Madame alikuandikia siku alikupa ruhusa ya kufundisha kukata nguo kwa metodi yake, na kutoa diplome yenye jina yake. Iko imeandikwa: mu Kenya, hakuna mwingine atapewa. Mi nilizani maneno imeisha pale. Béatrice, mwanafunzi yako, alifungua masomo ya kushona ku parsele, nyumba ya tatu toka kwetu, na jina ile ile ku mulango, na ruhusa ya Madame yule yule. Nani hawezi kuona?

Juge aliona ingine. Alisema barua iliandikwa kwako weye, na weye umekufa, basi na barua imekufa. Mi sina kitu mule ndani. Kesho yake tribinali ikatuma muntu kutoa kibao yetu yenye jina ya Madame. Nilimukataza, nikaitoa mwenyewe. Musumari ulinikata kidole, nikalia sana. Juu ya kidole, Mama. Kibao sikuililia.

Unakumbuka ile siku Béatrice alishona mukono ya kushoto ku bega ya kuume? Ulicheka mpaka ukakaa chini. Ukasema: "Hii nguo ni ya muntu mwenye kutembea nyumanyuma!" Kisha mulifungua mushono pamoja, uzi moja moja, weye na yeye. Ulikuwa unamupenda kupita sisi wote. Njo maana iliuma vile.

Na ku hospitali ulinishika, ukasema: "Béatrice asikanyage mu nyumba yangu." Nilikubali.

Mama, amekanyaga.

Alikuja mwezi uliopita, asubuhi, tuko tunakata. Alisimama inje, hakuingia. Akasema: "Yaya, mukubwa wangu, Madame amefungua ingine, pale nyuma ya soko. Banafunzi yangu banaanza kwenda kule." Nilitaka kumucheka. Nilikuwa nimechoka sana, kicheko haikutoka. Akasema tena: "Siku Madame alinipa ruhusa, aliniambia Mama Véro amekubali. Nilizani unajua. Kisha mukaacha kunisalimia."

Nilimuangalia muzuri. Béatrice hajui uongo, weye mwenyewe ulikuwa unasema hivyo. Akivunja sindano, alikuwa anakuja kujisema mbele hujauliza.

Kumbe hakuna hata mumoja kati yetu aliyemuuliza. Tulikimbilia avoka, na yeye iko hapa karibu, anasikia mashini yetu ikiimba. Weye ukaenda na ile kasirani mu roho. Hiyo njo inanichokesha, kupita tribinali.

Nikamuambia: "Ingia. Usisimame mu jua." Akakaa ku kiti yako. Hakukuwa ingine.

Sasa tunafundisha pamoja, banafunzi yake na yangu, mu nyumba yako. Yeye iko muzuri ku kola, mi ku mikono. Hatuna jina ku mulango. Babazazi bananiuliza: "Batoto yetu batatoka na karatasi gani?" Ninabaonyesha nguo yenye batoto bameshona. Bamoja banaishika, banaigeuza ndani na inje, banaacha mutoto abakie. Bamoja banamuchukua, banamupeleka nyuma ya soko. Sibakatazi.

Nisamehe juu ya ile neno ya ku hospitali. Nilivunja, na leo ningevunja tena.

Béatrice anataka kuja ku kaburi yako, anaogopa. Siku ya Mungu, kisha misa, nitamuleta. Nakuahidi hiyo. Kama ungali na kasirani, Mama, kasirikia mie. Yeye umuache alie.

Pumuzika.

Anastasie wako