Nukta za Kaka Mkubwa

Mdogo wangu Kitinda,

Pokea salamu kabla ya yote, maana Mama amesimama nyuma ya kiti changu na hataki niandike neno lingine mpaka ziishe. Anasema yeye hajambo, goti lake linakwenda vizuri kiasi, na anauliza kama wifi yangu bado anatapika asubuhi au mimba imeanza kutulia. Anauliza pia kama ulishabadilisha kile kioo cha pembeni cha lori. Mpaka leo anacheka ulivyotusimulia kwamba jioni ile nguzo ilikurukia. Mimi ni mzima, nakula, naenda kazini, ingawa usingizi umekuwa wa kuvizia.

Sasa ameniuliza kwa nini skrini ya kompyuta yangu imejaa wadudu. Nimemwambia si wadudu, ni nukta. Nakuandikia ndani ya kihariri, ile programu tunayotumia kuandikia programu nyingine, na nimewasha nukta zake. Kwa hiyo kati ya kila neno na jingine, pale ambapo wewe kwenye karatasi utaona pameachwa wazi, mimi hapa naona kitone cha rangi ya chungwa. Mama amesema kazi yetu ni ya vichaa, kisha akaenda kuangalia sufuria yake jikoni. Afadhali, kwa sababu ninayotaka kukwambia sitaki ayasome yeye kwanza.

Utashangaa kwa nini sikukupigia simu. Simu ungenikatia, kama ulivyonikatia mara ya mwisho nilipomtaja Kaka Mkubwa. Karatasi haikatiki. Nitaichapa na kumtumia wifi akuwekee mezani, na nakuomba, tena nakupigia magoti, usiitupe ukiona jina lake. Soma mpaka chini. Ukimaliza, ukitaka kunikasirikia mimi badala yake, nikasirikie, nitakuwa nimestahili.

Wewe hujawahi kukaa ofisini kwetu zaidi ya kupita na kuomba maji, kwa hiyo acha nikueleze. Tuko juu ya duka la fundi cherehani, chumba kimoja, meza nne, dirisha lisilofungika. Mimi nilipoingia pale sikujua kitu, Kaka ndiye aliyenifundisha kila hatua. Na somo la kwanza lilikuwa hizo nukta. Aliniambia kwamba katika lugha tunayoandikia, nafasi tupu mwanzoni mwa mstari ina maana yake. Ukiusogeza mstari ndani hatua moja, umebadilisha amri. Na kwa kuwa nafasi haionekani, yeye alikuwa anakiambia kihariri kimwonyeshe: nukta pale palipobonyezwa nafasi moja, kishale pale paliporukwa kwa mkupuo. Unaweza kuchagua rangi, unaweza kuchagua hata umbo. Haziingii kwenye kazi yenyewe, ni za macho ya mwandishi tu.

Mimi zilinichefua toka siku ya kwanza. Nilimwambia skrini yake imeota upele. Jamaa anayekaa dirishani akambandika jina la Bwana Nukta, likamganda, mpaka fundi cherehani wa chini akawa anamwamkia hivyo. Kaka alikuwa anacheka tu. Unamjua alivyokuwa, utani ulimpita kama maji juu ya jani.

Basi, miaka ilivyokwenda, nukta zikaanza kukua. Mwanzo zilikuwa za kijivu, hafifu, huzioni mpaka uzitafute. Akazifanya za manjano. Akaziacha nukta kabisa, akaweka vijisanduku vya rangi ya chungwa iliyokolea, kila nafasi kijisanduku chake, mstari mzima. Angezifanya kwenye mashine yake peke yake pasingekuwa na neno. Lakini pale kwetu mipangilio ya kihariri tunaiweka pamoja na kazi, ni faili moja la wote, na ukibadilisha wewe asubuhi, kila mtu akifungua kazi anakuta ulichobadilisha. Tulianza hivyo ili maandishi yetu yote yafanane. Siku alipoweka vile vijisanduku tukawasha kompyuta, lahaula, skrini zote nne zimegeuka machungwa. Jamaa wa dirishani alipiga yowe, akasema ameajiriwa kuandika programu na siyo kuchuma matunda.

Bosi akaniachia mimi niamue, kwa kuwa mwenye dhamana ya lile faili nilikuwa mimi. Kaka akaniomba nimwachie. Hakutoa sababu, alisema tu kwamba zinamsaidia. Na mimi, mdogo wangu, mbele ya watu wote, nikamjibu kwamba kama haoni anapoandika basi akaazime miwani ya bibi. Watu wakaangua kicheko. Kaka naye akacheka. Nikazizima nukta kwa wote, nikaweka na kufuli juu yake, kwamba mtu asiziwashe tena hata kwenye mashine yake bila ruhusa yangu. Ilinichukua muda mfupi kuliko kunywa chai. Nilijiona mwanamke wa maana sana siku ile.

Kilichofuata unakijua nusu. Wiki ileile Kaka alikuwa anamalizia kazi ya zahanati, programu ya kuwakumbusha wagonjwa siku zao za kurudi kwa daktari. Mstari mmoja, ule unaosema tuma, aliuacha umeingia ndani hatua moja. Badala ya kila mgonjwa kupata ujumbe wake mara moja, kila jina lilipofikiwa, ujumbe ukaenda kwa wagonjwa wote. Simu za watu zililia asubuhi nzima bila kupumzika. Mzee mmoja alipanda ngazi zetu na simu mkononi, akataka aambiwe kwa adabu kama anaumwa kiasi hicho na watoto wamemficha. Leo nikikumbuka nacheka na kulia papo hapo. Zahanati ikavunja mkataba. Bosi akamwambia Kaka maneno ambayo mtu mzima haambiwi, na Kaka akakusanya vitu vyake, akamwaga unga kwa hiari yake kabla hajamwagiwa. Pale mlangoni alinipa mkono wa kwaheri. Mimi nilijifanya nina shughuli.

Halafu akahamia ule mji mwingine, na baada ya hapo ikaja harusi yako. Uliniambia kwamba unaweza kumsamehe mtu aliyekutukana lakini siyo kaka wa baba mmoja na mama mmoja asiyekanyaga ukumbini siku unayooa. Nilikuunga mkono. Nilisema amevimba kichwa, kwamba aliona aibu kukaa meza moja nami akatupia hasira zake kwako. Maneno hayo ni yangu na niliyasema mara nyingi, kwako na kwa Mama. Nayameza leo.

Wiki mbili zilizopita ofisi ilinituma mji ule, nikasema acha nimtafute, tumalizane. Anakaa chumba cha nyuma ya duka la mikate. Nilibisha, akaniambia nisukume mlango. Nilimkuta mbele ya kompyuta, anaandika, vidole vinakimbia kama zamani, lakini skrini ilikuwa imezimwa. Nyeusi tii. Nikamuuliza kama umeme umekatika. Ndipo nikasikia sauti kutoka kwenye mashine, ile sauti ya kompyuta isiyopumua, inamsomea alichoandika mstari kwa mstari. Na kabla ya kila mstari ilikuwa inataja: nafasi nne, nafasi nane, nafasi nne. Inamhesabia nafasi tupu, mdogo wangu. Alichokuwa anataka kuona, sasa anasomewa.

Nikakaa kitandani kwake. Akanieleza taratibu, kama alivyokuwa ananieleza kazi. Macho yake yalianza kufa kutokea pembeni. Kwanza giza la jioni likamshinda, akawa anajigonga kwenye vitu ambavyo wengine wanaviona. Kisha pembeni pakaendelea kufunga, mpaka ikawa kama anatazama dunia kupitia bomba. Katikati wakati ule alikuwa bado anaona vizuri, siyo kama sasa, alisoma hata herufi ndogo, kwa hiyo hakuna aliyemshuku. Taabu yake ilikuwa pale mstari unapokwisha. Macho yakirudi kutafuta mwanzo wa mstari unaofuata yalikuwa yanapita kwenye weupe mtupu, hayana pa kushika, yanapotea. Nukta ndizo zilizokuwa njia yake. Alikuwa anazifuata moja moja mpaka zimfikishe kwenye neno. Kila njia ilipofifia alizikoleza rangi. Mimi nikaja nikamfutia, nikacheka.

Na harusini alikuja. Nilimuuliza kwa ukali, akajibu hivyo, kwa upole kabisa. Alifika mpaka getini jioni ile, na suti, na zawadi. Kati ya geti na mlango wa ukumbi kulikuwa na taa za rangi zinazowaka na kuzima, na giza katikati yake, na hakuona hata ngazi iko wapi. Alisimama pale akisikia jina lako likitangazwa. Aliona aibu kumwomba mgeni amshike mkono, na sisi wenyewe wote tulikuwa ndani. Akageuka akarudi. Zawadi bado iko juu ya kabati lake, na karatasi yake ya kung'aa haijafunguliwa.

Nilimfokea, usidhani sikumfokea. Nilimuuliza kwa nini hakutuambia. Akanikumbusha Mjomba. Unamkumbuka Mjomba, kaka yake Mama, ambaye tangu tukiwa wadogo ukoo mzima ulimwita mlevi kwa sababu kila magharibi alikuwa anaanguka mtaroni? Kaka anasema Mjomba hakuwahi kuonja tone la pombe. Alikuwa haoni. Alikufa na jina lile, na sisi tulikuwa tunaigiza anavyoyumba. Kaka hakutaka kuwa Mjomba wa pili.

Sasa vuta pumzi, mdogo wangu, maana sehemu hii ndiyo iliyonifanya niandike.

Daktari wake alimwambia kwamba ugonjwa huu unapita kwa mama. Mama mwenyewe haumsumbui, anaubeba tu bila kujua, na kwa watoto wake wa kiume ni nusu kwa nusu. Kaka aliniomba nisikwambie, alitaka aje mwenyewe akueleze, lakini amekuwa akiahirisha, kwa sababu anajua usukani ndio maisha yako na hataki awe yeye wa kukunyang'anya. Mimi nilirudi nyumbani siku ile nikakuta Mama anamsimulia jirani habari ya nguzo yako. Jioni, mwanga umeanza kufifia, nguzo iko pembeni, na wewe umeapa kwamba haikuwepo. Jirani akacheka mpaka akashika ukuta.

Huenda ulikuwa umechoka tu. Huenda macho yako ni mazima kuliko ya mwewe na hii yote ni hofu ya dada yako. Mungu ajalie iwe hivyo. Lakini nilishamwona mmoja anahitaji kitu kidogo cha kumwongoza, nikakizima kwa sababu kiliniharibia skrini, na sitarudia kwa mwingine. Mwambie mwenye lori akupangie safari za mchana, leo, kabla hujafikiria utamdanganya nini. Kisha nenda ukapimwe. Daktari anasema wakiujua mapema mtu anakuwa na miaka mingi ya kuona mbele yake na anaweza kujipanga. Una mtoto njiani. Barabarani nako kuna watoto wa watu.

Kaka yuko tayari kwenda nawe. Alisema hospitali anayotibiwa anaijua kila korido, ila ina ngazi nyingi na atahitaji mtu wa kumshika mkono. Nadhani alikuwa ananiomba nikuulize kama mtu huyo unaweza kuwa wewe.

Mimi nimeziwasha nukta za ofisi nzima tangu nirudi. Jamaa wa dirishani alipoanza maneno yake nilimtazama tu, akanywea. Najua hazimsaidii Kaka tena. Nimekaa nazo siku hizi zote, kila nafasi ninayobonyeza inanikodolea jicho, na kila moja inanikumbusha ile miwani ya bibi. Nilimwomba radhi pale kitandani kwake. Akasema aliisahau siku ileile, na najua hakuisahau.

Mama sijamwambia. Akijua ugonjwa umepita kwake atajilaumu mpaka kaburini, kwa hiyo tukubaliane kwanza sisi watatu jinsi ya kumweleza. Mpe wifi salamu zangu na umwambie asibebe ndoo. Nisalimie utingo wako pia, na umwombe macho yake ayaweke barabarani pamoja na yako mpaka jibu litoke.

Mama ndiyo anaingia tena na kikombe changu cha chai. Ameuliza namwandikia nani barua ndefu hivi, nimemwambia ni wewe. Anasema nikuulize ile nguzo, je, ilikuomba radhi? Anacheka peke yake mpaka chai inamwagika kwenye sahani. Nami nimecheka naye, ningefanyaje.

Nijibu upesi.

Ni mimi, dada yako wa kati.