Wimbo wa Bibi Dirishani

Sydney, 2 Aprili 1966

Mama mpenzi,

Hamjambo huko? Goti la Bibi linaendeleaje? Mimi mzima, hofu ni kwenu tu.

Bendi yetu imepigwa picha kwa kipindi cha televisheni! Kabla yetu alipanda jukwaani mbwa anayeendesha baiskeli, baada yetu mtu anayemeza panga. Mwongozaji alitaka tutumbue macho na kutoa ndimi kama kwenye ngoma yetu ya vita, ili Wazungu wacheke. Tukakataa. Akasema, “Basi imbeni kingine, upesi!” Wenzangu wakanigeukia mimi. Mdomo ukafunguka, ukatoka wimbo wa Bibi, ule aliomtungia Babu alipouawa vitani.

Najua hajaruhusu uimbwe nje ya marae, uwanja wa ukoo wetu. Filamu italetwa huko Rotorua mwezi ujao. Mwambie kabla hajaiona. Akisema nisikanyage tena nyumbani, usinifiche.

Mwanao,
Rāwiri

Sydney, 1 Mei 1966

Mama,

Natumaini afya zenu ni njema. Yangu si njema, maana sijapata hata mstari mmoja kutoka kwenu. Wenzangu wananitania eti napiga gitaa kama niko matangani. Bibi amesema nini? Hata matusi yake nayataka.

Mwanao,
Rāwiri

Rotorua, 16 Mei 1966

Mwanangu Rāwiri,

Sisi hatujambo, goti pia. Nisamehe. Sikuthubutu kumwambia Bibi. Kila nikianza, yeye anaanza habari za kuku wake.

Jumamosi jioni ukoo mzima ulijaa mbele ya duka la redio mjini. Duka limefungwa, televisheni inawaka dirishani, sauti haitoki nje. Bibi tulimwekea kiti mbele. Mbwa akapita na baiskeli yake, Bibi akacheka mpaka akakohoa. Kisha ukatokea wewe, na suti inayometameta, unafungua mdomo kama samaki.

Halafu mikono yako ikaanza zile ishara za wimbo. Bibi akaacha kucheka. Aliujua kwa mikono tu. Akasimama, nami nikasema moyoni, leo tumekwisha.

Lakini mtu wetu akisimama kuimba mbele za watu, nani humwacha aimbe peke yake? Shangazi zako wote walikuwa wanamtazama Bibi, wakingoja aanze. Akauanzisha yeye, kwa ile sauti yake ya kukwaruza, nasi tukaudaka. Tuliimba pale barabarani mpaka wewe ukainama, akaja yule mmeza panga. Nililia, mwanangu, kwa kufarijika. Polisi alikuja kutufukuza, akabaki kavua kofia.

Bibi yuko hapa, ananiamuru niandike: “Mkono wake wa kushoto mvivu, kama wa babu yake. Na mbwa amewashinda.”

Anasema wimbo una ubeti wa tatu, ambao hajapata kumwimbia mtu yeyote. Njoo Krismasi uuchukue.

Mama yako