Tundu la Bafu Langu Lisizibwe

Mama mpendwa,

Shikamoo. Natumai barua hii inakukuta mzima, na lile goti limepunguza ugomvi wake na ngazi. Mimi sijambo, ila baridi ya huku imenipasua midomo. Msalimie Kaka, ingawa nimemkasirikia.

Ameniandikia kwamba chumba changu cha juu kinanuka, eti bomba la bafuni limeoza, na kwamba amemwita muashi azibe tundu la sakafuni kwa saruji ili pawe stoo ya magunia ya dukani kwake. Mama, mzuie. Hakuna kilichooza.

Wewe ndiye uliyenisomesha ufundi bomba, basi leo nikuonyeshe ulichonunua. Chini ya kila sinki bomba hupindwa makusudi, na maji kidogo hubaki pale kwenye mpindo. Hayo maji ndiyo bawabu: uchafu huruhusiwa kutoka, harufu hairuhusiwi kuingia. Bomba la sinki lako la jikoni limepinda likaingia ukutani, halina neno. Lile la zamani la kunawia, lililopinda mara mbili likazama sakafuni, lilikuwa lafi. Ukiachilia beseni zima kwa mpigo, maji yalishuka kwa kasi yakamnyonya na bawabu mwenyewe. Ndipo marehemu Baba akaweka lenye kikombe kama chupa, lile ulilolifungua kwa mkono ukaokota pete yako ya ndoa iliyotumbukia, naye alikuwa ameshaanza kukupa pole. Ulimcheka wiki nzima.

Mtego wa bafuni kwangu, yaani pale anapokaa bawabu, ni bakuli fupi chini ya kichujio cha sakafuni. Pasipooga mtu, maji yake hukauka, na harufu hupanda bila hodi.

Hapo ndipo nilipokwama, Mama. Maji yale hayawezi kudumu hata miezi michache, nami nina miaka huku. Mbona chumba kimeanza kunuka mwaka huu tu? Nikamuuliza Kaka kwa simu. Akasema hajui, labda ni kwa kuwa siku hizi hupandi tena kukideki. Akasema ulikuwa ukipanda kila wiki na ndoo, ukideki chumba kisicholaliwa na mtu, ukimwaga maji bafuni, mpaka goti likakukatalia. Niliketi juu ya rundo la mabomba nikalia, wenzangu wakadhani nimejikata.

Sasa nikwambie nililokuficha. Msimamizi wetu aliniletea mkataba mpya, mrefu kuliko wa kwanza, nami nilikuwa nimekwisha kuamua kuutia saini, nikawa natafuta tu maneno ya kukueleza. Siku naondoka uliniambia mkataa kwao ni mtumwa, nikacheka. Nimemrudishia karatasi zake bila saini. Nimekukumbuka mno, Mama, nimechoka kukukumbuka.

Mwambie Kaka amrudishe muashi. Apande yeye na jagi moja la maji, alimimine tunduni, na juu yake tone la mafuta ya kupikia ili maji yasikauke upesi. Wasalimie shangazi na majirani wote wanaoniulizia, na wale wasioniulizia pia.

Wewe usipande ngazi. Hilo jagi moja litatosha mpaka mwisho wa mwezi, na baada ya hapo nitaoga mimi.

Ni mimi kitindamimba wako,
Fundi