Oreste Hasemi

Torino, 9 Machi 1911

Dada Delfina,

Salamu nyingi. Mimi mzima, hofu kwenu. Macho ya mama yanaendeleaje?

Jukwaa nimeliacha, sasa naigiza kwenye filamu. Nimeshakuwa mwizi, bawabu wa gereza, mlevi na muuaji. Mwezi uliopita nilianguka kutoka juu ya paa, pua ikavunjika, meno matatu yakaenda. Nikajua mkate wangu umekwisha. Mwongozaji akanitazama, akaangua kicheko: "Oreste, usiiguse! Pua kama hiyo hainunuliki!" Tangu hapo sipumziki. Pasaka sitakuja, kazi imenibana. Nibusie mama.

Mdogo wako,
Oreste

Mondovì, 2 Novemba 1912

Mdogo wangu,

Hujambo? Sisi tupo, ila mama haoni tena, hata mwanga wa dirisha.

Sinema imefika mjini kwetu. Tulikuona ukimnyonga mjane; ukumbi mzima ulikuzomea, nami nikavimba kichwa. Mama aling'ang'ania kuja. Alikaa kainamisha kichwa, akisikiliza piano.

"Oreste yuko wapi?"

"Huyo hapo mbele, mama."

"Mbona hasemi?"

"Filamu hazisemi."

"Basi aje anisemeshe mwenyewe."

Akaanza kulia, watu wakageuka kututazama.

Krismasi tatu sasa, bwana mkubwa! Au sisi tunaokula polenta, ugali wa maskini, tunakutia aibu?

Dada yako,
Delfina

Torino, 11 Novemba 1912

Dada yangu,

Nakusalimu. Habari za mama zimenikata maini.

Sikukwambia kweli. Jukwaa sikuliacha, lilinikataa. Daktari alinikata uvimbe kooni, sauti ikaenda nao. Nikifungua kinywa hutoka pumzi tu, kama mvukuto uliotoboka. Kwenye filamu hakuna anayejali. Lakini mama, aliyekuwa akinijua kwa kikohozi tu nikiwa bado nje ya mlango? Nikija, atamsikia nani?

Mdogo wako,
Oreste

Mondovì, 15 Novemba 1912

Oreste,

Pole, mdogo wangu. Pole sana. Lakini u mjinga! Mama hataki hotuba, anakutaka wewe. Nitamweleza taratibu kabla hujafika. Njoo.

Dada yako,
Delfina

Mondovì, 19 Januari 1913

Mdogo wangu,

Ulifika salama? Uliondoka hata koti hujavua.

Kosa ni langu. Niliahidi kumweleza, nikaogopa, siku zikapita, mara ukawa mlangoni. Ndipo alipokupapasa ile pua, nawe ukamwita "Mama" kwa pumzi, akauvuta mkono wake: "Delfina, umeniletea nani?" Kugeuka, hupo. Ungengoja, Oreste! Ungengoja kidogo tu!

Siku tatu zikapita. Leo asubuhi ameniambia, "Yule mtu alikuwa anatetemeka. Mtu baki atetemekee nini mbele ya kikongwe?" Nikamweleza yote. Akapiga ukelele mpaka majirani wakaingia: "Mrudisheni! Nimemfukuza mwanangu!" Sasa homa imempanda, hali chochote. Acha kila kitu uje.

Dada yako,
Delfina

Torino, 12 Februari 1913

Dada,

Leo sijui nikusalimuje.

Nimerudi asubuhi hii kutoka milimani, tulikokuwa tukipiga picha kwa zaidi ya wiki tatu. Mwenye nyumba wangu alinikabidhi barua yako na telegramu kwa mkono mmoja. Nilianza na telegramu.

Siku mliyomzika nilikuwa kwenye theluji, napigwa risasi. Mwongozaji hakuridhika, akataka turudie. Nilikufa mara nne siku hiyo, na jioni wenzangu wakanipigia makofi.

Usijilaumu. Miguu iliyokimbia ni yangu.

Nakuja Jumamosi. Usiwaite majirani, wala usinisimulie alivyokuwa akiniita, nimeshayasoma kwenye barua yako, inatosha. Nipeleke kaburini, kisha wewe urudi nyumbani. Nitachelewa. Usiningoje kwa chakula.

Mdogo wako,
Oreste