Hasi Mara Hasi

Mudathir,

Wali na samaki vimo kwenye hotipoti. ~~Kula vyote.~~ Mbakishie Tabia.

Nimekwenda shuleni kwake. Asubuhi nilikuona umeshika daftari lake nikadhani unamsaidia, kumbe unamfutia. Aliulizwa jozi za namba kamili zinazozidishwa kupata -12. Alipata zote sita: 3 na -4, -2 na 6, na nyinginezo. Wewe, mjuzi wa kila kitu, ukamwandikisha -3 na -4. Hasi mara hasi ni chanya, bwana mkubwa. Namba moja tu ndiyo iwe hasi. Hata mimi niliyeishia darasa la saba nalijua hilo.

Leo ataitwa ubaoni mbele ya wenzake. Alipokuwa akitoka nililiona daftari, nikamuuliza kwa nini hakukukatalia. Akanijibu huku akikimbia kuwahi kengele, “Najua Baba kakosea, shangazi, lakini ningesema angeona haya mbele yako.”

Mtoto wa miaka kumi na miwili anakusitiri wewe na ndevu zako. Nakwenda kumwambia aandike majibu yake mwenyewe.

Akirudi saa tisa, umwombe radhi. Nitakuwa nimekaa hapo hapo, nasikiliza.

Dada yako