Maandishi Madogo ya Chini ya Ukurasa

Rissne, 4 Februari 2008

Kwa mjukuu wangu Heshima, bwana yangu mdogo,

Nakusalimu katika jina la Bwana Yesu. U mzima? Unakula? Miye mzima ila magoti, na baridi ya hapa Sweden unaijua, haina haja ya kusimuliwa. Barua yako nimepata. Mistari tisa! Mtu aliyekula sombe yangu miaka yote hiyo ananiandikia mistari tisa, halafu anaitwa msomi. Na usiniletee habari ya simu. Simu inapita sikioni inakwenda zake. Barua naisoma leo, naisoma kesho, naigombeza.

Sasa nijibu jambo moja. Jumapili kanisani mama Mwamba aliniuliza mbele ya wanawake wote, "Heshima anasomea nini huko Amerika?" Mtoto wake anaendesha treni ya chini ya ardhi, kila juma lazima tuambiwe. Nikasema, "Anasoma vitabu vya hadithi vya Wamarekani." Akasema, "Halafu?" Wakacheka. Miye nilisoma madarasa matatu tu kwa wamisionari wa Kiswidi kule kwetu Uvira, lakini kuchekwa sijazoea. Mtu mzima mwenye ndevu anasoma hadithi! Zikiisha unafanya nini?

Nicole anakusalimu. Kiswidi chake kimenishinda. Nikimsemesha Kiswahili ananijibu Kiswidi, nami namjibu kwa mwiko.

Koko yako

*

Milwaukee, 2 Machi 2008

Koko wangu mpendwa,

Jambo sana. Pole kwa magoti. Ile dawa ya kupaka unaipaka, au umeiweka kabatini pamoja na zile nyingine? Miye mzima, theluji ya hapa ni ndugu ya theluji ya huko.

Mwambie mama Mwamba hivi. Nchi nyingine zilikuwapo kwanza, vitabu vikaja baadaye. Amerika, wanasema wahakiki wengi, ilijiandika yenyewe. Watu walitoka kila upande, hawana babu mmoja, hawana lugha moja ya nyumbani, kwa hiyo waandishi ndio waliowaambia wao ni nani. Kazi yangu ni kuuliza: huyo Mmarekani wa vitabuni ni mtu gani? Jibu langu ni kwamba ni mtu asiye na nyanya. Anaondoka kwao, jina la baba yake analiacha njiani, anafika kwenye ardhi tupu, anajipa jina jipya, anaanza. Taifa zima limesimama juu ya mtu aliyejizaa mwenyewe. Profesa wangu anasema hoja ni nzuri lakini haina damu.

Na miye nina swali, Koko, usikasirike. Kwa nini unaandika "Nicole"? Nicole, binamu yangu, tulimzika kambini Kigoma, na jembe nililishika miye. Huyo msichana ni Asifiwe, mtoto wa jirani yetu Pélagie. Najua karatasi zake zinasema Nicole. Lakini kati yetu wawili?

Mjukuu wako, Heshima

*

Rissne, 30 Machi 2008

Kwa bwana yangu mdogo, msomi asiye na nyanya,

Salamu. Miye mzima. Dawa iko kabatini, niache.

Nimecheka mpaka Gitau, yule Mkenya wa mlango wa pili, akagonga ukuta kuuliza kama ninalia. Asiye na nyanya! Kitovu alikatwa na nani? Siku ya kuondoka nani alimfungia chakula cha njiani? Hicho hakikuandikwa, kwa sababu mwandishi alikuwa ameshiba. Na ardhi tupu! Nyumba yetu ya Uvira kuna mtu anaishi ndani yake leo hii. Kamuulize. Atakwambia aliikuta tupu. Na wale weusi waliouzwa huko wakaitwa kwa majina ya mabwana zao, nao walijiita wenyewe? Hao wahakiki wako waliingia nyumba nzima, au waliishia sebuleni? Hakuna mtu anayejipa jina, Heshima. Jina unaitwa. Ukijiita mwenyewe, nani aitike?

Sasa sikia habari ya Nicole, na usiniulize tena. Tulipokimbia vita ulikuwa na malaria, miguu imekufa. Pélagie alikubeba wewe mgongoni mpaka mpakani. Mtoto wake mwenyewe, Asifiwe, hajatimiza hata miaka mitano, alitembea. Pélagie alipofia kambini, sisi tukiwa tayari huku, nilipanda ndege nikaenda, wewe ulikuwa na mitihani yako. Mbele ya wazee watano wa kwetu nilimwaga maji kizingitini, nikaita "Nicole!" mara tatu. Mara ya tatu akaitika, akaingia, akala katika sahani ya marehemu. Kwetu aliyeitika jina ndiye mwenye jina. Jina la marehemu lilikuwa bado kwenye karatasi zetu za kuja Sweden, hatukuwa tumelifuta, basi akaja nalo. Watu wa maofisi wataita uongo. Miye naita deni la mgongo wa Pélagie.

Andika hayo katika vitabu vyako vya hadithi.

Koko yako

*

Milwaukee, 12 Januari 2009

Koko wangu,

Heri ya mwaka mpya! Nisamehe kimya cha miezi mingi. Nilikuwa nikibomoa kazi yangu yote na kuijenga upya, na aliyeibomoa ni wewe. Barua yako ya Machi nilimtafsiria profesa. Akasema, "Huyu bibi ameona kitu ambacho sisi tumekikosa miaka hamsini." Sasa nasema kinyume cha nilichosema kwanza: Mmarekani wa vitabuni hakujizaa, ila wale waliomwita na kumlisha wamefichwa nje ya hadithi, na taifa ni huko kuficha kwenyewe.

Makala imetoka katika jarida kubwa, na nakala yako iko ndani ya bahasha hii. Imeanza na wewe. Usidhani nimekuibia: kwetu wasomi, kuchukua neno la mtu bila kumtaja ni wizi. Tazama chini ya ukurasa wa pili, maandishi madogo. Jina lako lote liko pale, na Rissne, na tarehe ya barua. Nimeeleza na habari ya jina la Nicole, kwa heshima yote.

Mjukuu wako anayejivunia wewe, Heshima

*

Rissne, 8 Februari 2009

Kwa mjukuu wangu, nuru ya macho yangu,

Salamu mara mia. Magoti yamepona! Jina langu limechapwa Amerika! Makala nimeipeleka kanisani ndani ya Biblia. Mama Mwamba ameishika mikononi akaigeuzageuza kama anatafuta bei. Nikamwambia, "Halafu?"

Nyumbani nilimwita Gitau atusomee, maana Kiingereza anakijua. Anasoma, anatafsiri, wanawake wametulia kama wako ibadani. Alipofika kwenye maandishi madogo akasimama. Akasema polepole, "Mama, hii usiizungushe. Iweke ndani." Nikamwambia, "Wivu wa Wakenya nilikuwa nausikia, leo nimeuona." Akaondoka bila kumaliza chai.

Nicole aliomba aishike tu. Anafanya kazi sasa, anawaosha wazee katika nyumba yao kule Hässelby, na wanampenda. Mwaka huu anafanya upya kibali chake cha kukaa.

Koko yako, ambaye jina lake limechapwa

*

Rissne, 27 Septemba 2009

Heshima,

Nakusalimu. Afya yangu usiiulize.

Tuliitwa ofisini miye na Nicole kwa habari ya kibali. Mama wa pale, kijana tu, si mtu mbaya, alikuwa ameliingiza jina langu kwenye kompyuta aone tu miye ni nani. Likatokea kwenye makala yako. Akaweka karatasi mezani. Nikaijua kabla sijavaa miwani.

Mkalimani alikuwa Kambale, yule wa Butembo, tunasali naye. Mama yule akauliza, "Barua hii uliandika wewe, au mjukuu wako aliitunga?" Kambale alitafsiri taratibu, akaongeza maneno yasiyoulizwa: "Mama, fikiri kwanza. Msomi anaweza kutunga. Wanatunga." Alinitazama kama mtu anayenikanyaga mguu chini ya meza.

Nilifikiri, Heshima. Nikisema sikuandika, basi wewe ni mwongo mbele ya maprofesa wako, na kazi yako imekufa. Nikisema niliandika, huyu aliyeketi hapa kando yangu amekwisha. Nilipewa muda mfupi kuliko wa kumenya kitunguu. Nikasema, "Niliandika miye. Kila neno." Na Mungu anisamehe, nilisema kwa majivuno. Nilinyoosha mgongo.

Ndani ya treni ya kurudi tumekaa tumetazamana. Tumepita vituo vinne. Kisha, kwa Kiswahili, yeye ambaye siku zote ni Kiswidi:

"Koko, ungeweza kusema hapana."

"Ningemvunja Heshima."

"Na miye?"

Nikasema tutapata wakili. Akasema, "Sikukuuliza habari ya wakili."

Wakili tumepata. Anasema kuna mlango mmoja: wewe uandike kwa ofisi hiyo kwamba mambo ya jina uliyaongeza mwenyewe ili makala ipendeze, na miye niliitikia bila kuelewa, mwanamke mzee, hajasoma. Mwambie hivyo. Niite mjinga kwa herufi kubwa, nakuruhusu.

Koko yako

*

Milwaukee, 10 Oktoba 2009

Koko wangu,

Sijui nikusalimuje. Barua yako niliisoma nimesimama, nikakaa chini sakafuni.

Nilitaka uheshimiwe. Nilidhani kuficha jina lako ndilo kosa.

Ninaandika kesho. Nitasema niliitunga. Wakinifukuza chuoni wanifukuze. Mama yake alinibeba, sijasahau. Mwambie Asifiwe, mwambie Nicole, asiogope.

Heshima

*

Rissne, 17 Januari 2010

Heshima,

Nimesubiri Oktoba yote, Novemba, nikala Noeli nikiwa mlangoni nikimngoja mtu wa posta. Wakili anauliza barua iko wapi. Ofisi hawajapata. Wameamua: kibali kimefutwa. Tumekata rufaa, na bado kuna wiki chache. Kama uliandika na ikapotea, andika nyingine. Kama hukuandika, andika leo. Hata kwenye karatasi ya sukari.

Hapa Nicole anakwenda kazini, anarudi, ananipaka ile dawa magotini, analala. Hasira ningeiweza. Hii adabu ndiyo siiwezi.

Koko

*

Milwaukee, 20 Machi 2010

Koko,

Sitakuuliza hali yako kana kwamba sijui.

Ile barua niliiandika siku ile niliyokuahidi. Nikaiweka mezani. Profesa alinieleza: mtu akikiri ametunga ushahidi hatetei tena tasnifu, si hapa wala popote. Utetezi wangu ulikuwa Machi. Nikajiambia, wacha nivuke kwanza, rufaa huchukua mwaka, nikishakuwa na cheo neno langu litakuwa na uzito zaidi. Kila Ijumaa nilijiambia hivyo. Tarehe kumi na mbili nilitetea. Wameniita Daktari, wamenipa mkono. Tarehe kumi na tatu nikaipeleka barua posta.

Niambie haijachelewa. Nataka kuja majira ya joto. Naomba unisamehe.

Heshima

*

Rissne, 2 Mei 2010

Heshima,

Barua zote mbili zimefika, yangu na ya ofisi. Wakili alinionyesha ile ya ofisi. Anasema imeandikwa vizuri sana. Rufaa ilikuwa imekataliwa siku tisa kabla haijafika. Anasema ingefika Oktoba ingewatia shaka. Alisema hivyo akifunga begi lake.

Ndege yake ilikuwa Ijumaa tarehe kumi na sita Aprili, mpaka Kinshasa, mji asiowahi kuukanyaga. Kwenye tiketi waliandika Asifiwe. Tulishuka Upplands Väsby tupande basi la uwanja wa ndege wa Arlanda, na hapo kituoni tukaambiwa hakuna ndege inayoruka, mlima umelipuka huko Islandi, anga yote ni majivu. Ndugu zetu wa Goma mlima uliwachomea nyumba. Sisi ukatuzuilia ndege. Nilipiga magoti hapo hapo kwenye saruji nikashukuru, watu wakitupita na masanduku yao. Yeye hakupiga. Alisema, "Inuka, Koko. Ni moshi tu. Utapita."

Jumamosi mchana, nikisonga bugali, akaja kusimama mlangoni mwa jiko. "Jina nakurudishia," akasema. "Lilikuwa zuri. Lakini kila mnapolitaja nasikia mnaongea na mwingine." Nikamwambia aache maneno, akae ale. Akakaa. Akala, akaosha sahani zote, hata zilizokuwa safi. Jumapili nilitoka kanisani nikakuta funguo mezani, na simu yake pembeni, imezimwa.

Wanawake wamekuja kukaa nami. Hatujui tulie msiba wa nani. Kwa Nicole tulilia zamani, na kwa Asifiwe hatuna ruhusa bado. Mama Mwamba alisugua sufuria zangu siku nzima. Kazini kwake Hässelby walipiga simu: kuna mzee haruhusu mtu mwingine amwoshe.

Unauliza kama uje. Njoo au usije. Kitanda kipo. Msamaha unaouomba si wangu kuutoa, mwenye nao hayupo. Na usidhani mzigo wote nakutwika wewe. Pale mezani miye nilichagua, na nilikuchagua wewe, nikanyoosha mgongo. Wewe ulikuwa na miezi mitano ya kunisahihisha. Ndivyo tulivyo, wewe na miye, tumeandika vizuri.

Polisi wamekuja mara mbili kuuliza aliko. Kama ningejua, Heshima, nisingekuandikia hata mstari mmoja. Sijui. Ndiyo maana naweza kukuandikia.

Koko