Kaka Idrisa, Mwanao Anacheza Namba Tatu

Kaka Idrisa,

Mwanao anacheza namba tatu. Nimeona nianze na hilo kabla ya salamu, maana najua ndilo ungeniuliza kwanza. Siyo namba tisa kama nilivyokwambia kwenye simu. Namba tatu, beki wa kushoto, kama wewe.

Sasa salamu. Huku Tensta, Sweden, sisi wazima. Mama Rehema goti bado linamsumbua. Rehema amemaliza chuo na bado ananijibu Kiswidi nikimsemesha Kiswahili. Mimi naendesha basi lile lile la kwenda Spånga, na kama unavyojua, siku nikiugua mimi nusu ya Stockholm inachelewa kazini. Baridi ya safari hii ilikuwa ya kugandisha mate kabla hayajafika chini, nimeyaona yakidunda. Na wewe hupo wa kuniambia, "Shabani, punguza." Tangu ututoke hakuna anayenipunguza, Kaka. Naongea mpaka mwenyewe nachoka kujisikia.

Lakini hili la leo sitaliongeza. Utaona.

Unakumbuka siku Rehema alipomwona mwanao kwenye simu yake? Ulikuwa umeshatuambia kila kitu zamani, siku moja tu, halafu hukurudia tena: ulivyosoma Kharkiv, kule Ukraine, kwa msaada wa serikali, mwenzako Halina, mtoto wa kiume, masomo yakaisha, kibali kikaisha, nchi yenyewe nayo ikavunjika, barua zikawa zinarudi. Ukakaa Tanga na mashine zako za reli. Mke ulioa, watoto Mungu hakujalia. Watu wengine mtaani waliitwa Baba Zuhura, Baba Salimu. Wewe ukaitwa Injinia.

Basi Rehema akamwona kwenye ukurasa wa watu wa mpira wa Ukraine. Picha ndogo kama stempu, lakini lile paji la uso lingekuwa Tanga ningelisalimia shikamoo. Taras. Mchezaji wa kulipwa, daraja la pili na la tatu. Nikakupigia papo hapo. Ukauliza kitu kimoja tu: "Anacheza namba ngapi?" Mimi nikasema tisa, anafunga kila wiki. Ningesema nini, mtoto wetu? Na huku Rinkeby, mtaa wa jirani, nikawaambia watu amekwishaitwa timu ya taifa, makocha wa Ulaya nzima wanalala mlangoni kwake. Odhiambo, yule Mkenya nesi tunayekunywa naye kahawa, alikuwa ananiambia kila Jumamosi, "Shabani, hii stori yako ya Ukraine imezeeka bana. Tuletee huyo mtu tumwone."

Halafu ile simu ya mwisho. Ulikuwa hospitali, sauti imeshakuwa nyembamba. Ukasema, "Ukimwona, sikiliza wanamwita mtoto wa nani."

Ulikuwa umenieleza. Kule kwao mtu mzima haitwi jina lake peke yake. Ukimheshimu unataja jina lake na la baba yake, yanatembea pamoja. Halina aliolewa na bwana mwingine, mtu wa huko huko, na wewe ulikuwa na hakika kijana amepewa jina la huyo bwana. "Wala sitamlaumu," ulisema. "Ila nataka kujua." Ukurasa ule wa mpira ulikuwa na jina lake na la ukoo wa mama yake, basi. Nikakuahidi nitajua. Wiki haikuisha, nikaletewa habari yako.

Kaka, nikabaki na swali la mtu ambaye hayupo tena wa kupewa jibu. Ni mzigo wa ajabu, huo. Unaubeba na hakuna mahali pa kuutua.

Rehema akamwandikia. Akamwambia baba yako amefariki, akamtumia ile picha yako ya barazani umeshika glasi ya chai. Siku nyingi zikapita. Halafu akajibu kwamba vita vimeshamfikisha huku huku Sweden, yeye na mkewe na mabinti watatu, wanakaa mji mmoja juu huko kaskazini. Akauliza anaweza kuja kutuona?

Nikaenda kumpokea stesheni ya Spånga. Nilikuwa nimepanga hotuba. Unanijua, nimewahi kumsimamisha waziri uwanja wa ndege nikampa ushauri mpaka akaandika. Treni ikafunguka, akashuka mtu mrefu amebeba mtoto begani, na anatembea na bega la kushoto mbele kama anayesukuma mlango. Huyo ulikuwa wewe, Kaka. Wewe mweupe kidogo, umevaa koti la baridi. Hotuba ikanitoka yote. Nikamshika mkono, nikasema "Välkommen," neno hilo moja la karibu, kama mwenye hoteli.

Kiswidi chake cha juzi na changu cha miaka yote hii vinakaribiana, usicheke. Penye shimo Rehema anaziba.

Jioni tukampa chai. Akaomba jemu. Mama Rehema akafikiri anataka mkate. Yeye akachukua kijiko, akala jemu kidogo, akashushia na chai ya rangi. Kaka, nilitoka nikaenda kusimama bafuni. Miaka yote tulikucheka kwa jemu yako, tukasema huyu Injinia ana vituko vyake. Kumbe kila siku saa ya chai ulikuwa unarudi kule, na sisi tumekaa na wewe kwenye jamvi hilo hilo hatujui.

Nilitakiwa nimuulize usiku huo. Sikuuliza. Akaja mara ya pili, halafu wakahamia kabisa hapa Spånga, amepata kazi ya kutunza viwanja vya mpira, na bado sikuuliza. Niliogopa. Jibu likiwa baya, ningekwambia nini? Ulipokuwa hai ningekutafutia la kukutuliza. Sasa hivi hapo ulipo naona huwezi kupewa maneno ya kutulizwa.

Nikamuuliza mpira badala yake. Na hapo ndipo nilipoanza kushangaa, na sijamaliza.

Mimi niliwaza viwanja vyenye taa na watu elfu wanaimba. Ananiambia timu yao ya kwanza ilikuwa ya kiwanda cha sukari. Kiwanda kikafungwa, timu ikafa, wachezaji wakaambiwa chukueni jezi zenu muende. Akapata nyingine. Nayo ikafa katikati ya msimu. Anasafiri kwenye basi mchana kutwa kwenda kucheza mbele ya wazee waliokaa kwenye mabenchi ya mbao na mbwa wao. Mwezi wa tatu uwanja umeganda juu, chini ni tope, ukianguka unachunika kama umeburutwa kwenye lami. Viatu wanakausha juu ya injini ya basi. Alivunjika mguu, akarudi. Akavunjika ule mwingine, akarudi. Nikamuuliza, basi daraja la juu hawakukuita hata mara moja? Akasema aliitwa kufanya majaribio mara moja, mvua ikanyesha, wakaahirisha, hawakumpigia tena. Anasema hivyo huku anamfunga mtoto kamba za viatu.

Nikamuuliza ulikuwa unarudi kwa sababu gani? Akasema, "Jumamosi kulikuwa na mechi."

Basi. Hiyo ndiyo sababu yote. Mimi niliyewapa watu wa Rinkeby timu ya taifa na makocha mlangoni, nikajiona nilikuwa nimempunja.

Sasa Jumapili. Kuna uwanja Spånga wa nyasi za plastiki, sisi wa Kiswahili tunacheza pale dhidi ya yeyote anayetaka kufungwa. Safari hii Waukraine wakaleta timu, na Taras akiwa upande wao, kofia ya sufu kichwani, mgongo umeanza ukaidi wa umri. Odhiambo alikuwa golini kwetu. Mimi nimekaa pembeni na chupa ya kahawa na maandazi, maana kocha lazima akae.

Odhiambo akanipigia kelele kutoka golini, "Shabani! Ati namba tisa? Mbona amesimama nyuma kama askari wa geti?"

Sikujibu. Mimi! Nilikuwa naangalia. Kule mbele kwetu yuko Kasongo kinyozi, Mkongo mwenye mbio, ambaye anafunga hata akiwa amelewa usingizi. Alimwendea Taras mara ya kwanza, nikasema tayari. Taras hakukimbia. Alisogea kidogo tu, akauchukua mpira kama unavyomnyang'anya mtoto kisu: polepole, asijikate. Mara ya pili hivyo hivyo. Mara ya tatu Kasongo hata hakuguswa, aligeuka akakuta mguu hauna kitu. Akanijia pembeni anahema. "Vieux, mzee wangu, miye nahamia upande ingine. Huyu mtu ananikamata kama mtoto."

Unakumbuka ulivyokuwa unasema mkitoka uwanjani, watu wamewabeba wafungaji na wewe unafuta vumbi peke yako? "Kama winga hajacheza leo, ujue mimi nimecheza." Nilikuwa mdogo, nikidhani unajifariji. Jumapili ile nikaelewa. Nilimwona winga hachezi.

Halafu mpira ukapigwa juu, mrefu, unakuja nyuma yake. Wako vijana wawili kwenye timu yao aliowahi kuwafundisha huko kwao, kabla ya vita. Mmoja akauona ule mpira, akapiga ukelele wa kumwonya, kwa nguvu zake zote:

"Taras Idrisovich!"

Na yule mwenzake naye, kwa mkato, kama unavyomwita mtu wa nyumbani: "Idrisovich! Idrisovich!"

Kahawa ikamwagika yote kwenye maandazi. Nilisimama. Odhiambo golini naye akasimama, katikati ya mchezo, mikono imening'inia, akanigeukia. "Shabani. Huyo si ni marehemu ndugu yako ameitwa?"

Nikasema, "Ndiye."

Mechi ilikwishaje sijui, usiniulize, ni mara ya kwanza katika maisha yangu sijui matokeo na sijayabuni. Ilipokwisha nikamfuata Taras amekaa kwenye nyasi anavua viatu. Rehema yuko pembeni yangu. Nikauliza, hatimaye. Nikasema baba yako alitaka kujua.

Alikaa na kiatu mkononi. Akasema bwana aliyemlea ni mtu mwema, alikuwa radhi kumpa jina lake kwa moyo mmoja. Alipofika umri wa kuchukua kitambulisho, mama yake akamwambia chagua mwenyewe. Kocha wake wa ujanani akamshauri achukue la bwana huyo, ili watu wasimcheke. "Nikamwambia kocha," anasema, "watanicheka kwa uso kabla hawajafika kwenye jina." Na walimcheka kweli. Walimpigia milio ya nyani, Kaka, sikufichi. Na namba tatu unajua anapokaa, pale pale ubavuni mwa jukwaa, kila neno analisikia. Alikwenda kusimama pale kila Jumamosi.

Nikamwuliza, hukutamani kubadilisha? Akasema, "Sina kingine chake."

Rehema alinitafsiria hilo, na kwa mara ya kwanza tangu aanze shule alinisemesha Kiswahili bila kulazimishwa. Alisema, "Baba, anasema hana kitu kingine cha Baba Mkubwa."

Subiri, sijamaliza. Timu yake ya mwisho alikaa muda mrefu kuliko zote. Mji mdogo, uwanja mdogo, akawa kapteni. Kule, ukishakuwa mtu wao kabisa, hawahangaiki tena na jina lako. Wanakuita kwa jina la baba yako peke yake. Wazee wa mabenchi ya mbao, akina mama wanaouza mbegu za alizeti getini, watoto wa kuokota mipira. Jukwaa lile lile la milio. Akimnyima winga mpira, jukwaa zima linasimama: Idrisovich! Idrisovich!

Ulikuwa unafanya nini Jumamosi hizo, Kaka? Ulikuwa barazani Tanga na jemu yako, unawaza kwamba kule umefutika. Na kule mji mzima ulikuwa unaliita jina lako kwenye baridi.

Nimewasimulia watu wa Rinkeby. Sijaongeza hata punje, muulize Odhiambo. Nilijaribu, nikakuta hakuna pa kuongezea. Kasongo akaacha mashine ya kunyolea inanguruma hewani.

Sasa nikuage. Jibu lako umelipata, na mimi mzigo nimeutua. Taras amesema mabinti wakifunga shule twende Tanga. Nitamleta, na hao watatu. Yule mdogo ananiita babu na anaongopa vizuri sana, damu yetu. Nitamfikisha mpaka pale ulipolala, nitamwonyesha kibao chako, halafu nitarudi nyuma nisimame mbali. Sitatoa hotuba. Sitasema neno. Umenisikia? Mimi, Shabani, nakuahidi nitanyamaza, ili yeye aseme na wewe.

Mungu akulaze penye kivuli kizuri. Pumzika sasa, Baba Taras.

Mdogo wako,
Shabani